Aliyeshindwa Ndiye Mwenye Ufunguo

Ukishinda kortini, unakwenda nyumbani. Ila kama wewe ni mchimbaji wa Kolwezi na korti imekubali uachiliwe kwa muda, usiwaambie watoto bado. Parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka, ikishindwa inaweza kukata rufaa, mwendesha mashtaka akaandika kwamba kuna hali nzito zisizo za kawaida, na kwa sahihi yake peke yake ukabaki buloko mpaka rufaa iamuliwe. Yule yule aliyebishana nawe mbele ya jaji, akashindwa, ndiye anayefunga mlango!

Nguvu hiyo anapewa na sheria ya mwenendo wa jinai ya tarehe 6 Agosti 1959. Wabelgiji walikuwa hawajaondoka. Walituachia mashimo na sheria. Mashimo tumegombana juu yake miaka yote, sheria tumeikumbatia. Katiba ya Kongo ya 2006, ibara ya 17, inasema uhuru ndio kanuni na kifungo ni tofauti yake. Mfikishie maneno hayo kijana anayelala kwa zamu katika gereza la Dilala, Kolwezi.

Jaji wa rufaa naye ana kazi yake kisheria: aweke kando mambo mengine, aamue ndani ya saa 24 baada ya kumsikia mwendesha mashtaka. Soma tena. Baada ya kumsikia. Kikao kisipopangwa, hizo saa hazianzi kuhesabiwa. Mshtakiwa yeye ana saa 24 tu za kukata rufaa, na zake hazingoji mtu. Kibali cha kumshikilia ni cha siku 15, kisha kinaongezwa mwezi kwa mwezi, na ndugu wanauza baiskeli, wanauza simu, wanatafuta wakili.

Na siku kikao kinapofika, swali linaloulizwa silo. Jaji anapaswa kutafuta dalili nzito za hatia, kisha apime: huyu atatoroka? Atatisha mashahidi? Badala yake jina la kosa linatosha. Likisikika neno madini, au neno silaha, hoja imekwisha. Tangu Juni 2019, watu zaidi ya arobaini walipofukiwa katika shimo la kampuni ya madini ya KCC na serikali ikapeleka wanajeshi kuwafukuza wachimbaji, kijana mwenye gunia la mawe begani anatazamwa kama jambazi hata kabla hajataja jina lake. Atatorokea wapi? Nyumba yake iko mtaa wa Kasulo, mke wake anauza mboga Manika, na pesa ya basi la kwenda Lubumbashi hana.

Nitajibiwa kwamba sheria ni moja kwa wote. Basi mtazame mwanasiasa Vital Kamerhe: alihukumiwa miaka 20 tarehe 20 Juni 2020. Rufaa ikapunguza hadi 13. Desemba 2021 Korti ya Kasasyo ikamwachilia kwa muda, akiwa ameshahukumiwa mara mbili. Juni 2022 akaondolewa hatia, Machi 2023 akawa naibu waziri mkuu. Sina kinyongo naye. Alistahili kusikilizwa, na alisikilizwa hadi korti ya juu kabisa ya nchi. Mchimbaji ambaye hajahukumiwa hata mara moja hasikilizwi hadi korti iliyo barabara ya pili.

Nitajibiwa pia kwamba yupo mama aliyeuliwa mwanawe, na anaogopa kukutana na mshtakiwa sokoni. Hofu yake ni ya haki, na ndiyo maana jaji ana ruhusa ya kuweka masharti na kudai dhamana, ambayo ni amana ya kumrudisha mtu kortini, si bei ya kumnunua. Akiona hatari, aandike hatari hiyo ni ipi, kwa jina na kwa ushahidi. Lakini hofu ya mama isigeuzwe kisingizio cha kumsahau mtu ambaye jaji amekwisha kumwachilia.

Bunge linajua kuhesabu likitaka. Mwaka 2006, katika kesi za ubakaji, lilitoa mwezi mmoja kwa uchunguzi na miezi mitatu kwa hukumu. Basi liipe rufaa ya parke siku nane tangu inapoandikishwa, si tangu kikao. Zikipita bila uamuzi, mlinzi wa Dilala afungue mlango bila kungoja simu ya mtu yeyote.