Ngoma Haigawanyiki

Wako watu wasemao kwamba msanii aimbaye, achezaye, achoraye na aigizaye katika filamu ni mtu asiye na kazi maalumu. Hoja yao huitia nguvu kwa methali: mshika mbili moja humponyoka. Methali ni ya kweli. Waitumiao hivyo ndio waliokosea hesabu, kwani sanaa hizo si vitu mbalimbali.

Ushahidi umo katika lugha yenyewe. Ngoma ni chombo kipigwacho. Ngoma ni mchezo uchezwao. Ngoma ni hafla iwakusanyayo watu. Toka Mbegani hata Bagamoyo mjini, aambiwaye kuwa leo kuna ngoma haulizi ni ipi kati ya hizo tatu.

Hukwe Zawose, mwalimu katika Chuo cha Sanaa Bagamoyo kilichoanzishwa mwaka 1981, aliyefariki mjini humo mwaka 2003, aliimba, alipiga zeze na ilimba, na alicheza. Ni lipi lililomponyoka? Amandina Lihamba aliandika tamthilia ya Hawala ya Fedha, na aliigiza katika filamu ya Maangamizi ya mwaka 2001. Jukwaa halikuionea kamera wivu.

Madhara ya mgawanyo huo humwangukia kijana. Mwenye vipawa vitatu huambiwa azike viwili, na mazishi hayo huitwa elimu. Ustadi na adaiwe, tena bila huruma, wala mvivu asijifiche nyuma ya wingi wa kazi zake. Lakini msanii ahukumiwe kwa alichokitenda, si kwa idadi ya milango aliyopitia.