Jinja haihitaji Don King

Mwandishi anayedai kwamba mabondia wa Jinja na Mbale, Uganda, wamekosa tu promota mwenye mbwembwe, mfano wa Don King, ametusimulia nusu ya habari. Ni kweli, Kinshasa, Oktoba 1974, katika pambano aliloliandaa King, Muhammad Ali na George Foreman waliahidiwa dola milioni 5 kila mmoja. Lakini fedha zile zilitoka kwa serikali ya Mobutu, mtawala wa Zaire, si mfukoni mwa King.

Tuzitazame hesabu za mabondia wenyewe. Julai 1986, huko Wembley, Tim Witherspoon alimtwanga Frank Bruno akatetea taji la dunia la WBA. Aliondoka na takribani dola 90,000. Aliyepigwa alipata karibu mara kumi ya hizo. Na meneja wa Witherspoon alikuwa nani? Carl King, mtoto wa kambo wa promota! Ugonjwa uko hapo hapo: anayepaswa kumtetea bondia mezani anakula chungu kimoja na anayemlipa. Ali naye alimshtaki King kwa zaidi ya dola milioni 1 zilizopungua kwenye malipo ya pambano lake na Larry Holmes, kisha, afya ikiwa imemwisha, akakubali 50,000. Inaniuma kila nikiikumbuka.

Kijana wa Mbale anahitaji nakala ya mkataba kwa lugha anayoielewa, na meneja asiye wa nyumba ya promota. Sheria ya Marekani ya mwaka 2000, yenye jina la Ali, inamlazimisha promota kumwonesha bondia kiasi ambacho promota mwenyewe anavuna. Waandaaji wa mapambano Jinja waanze na hilo.