Nyota wa Hollywood Hakuzaliwa Nyota

Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Wapenzi wengi wa filamu huueleza umaarufu kwa methali hiyo: mwigizaji ana sura na kipaji, watu wakamwona, wakampenda, akawa nyota. Nakataa. Hollywood, iliyoufundisha ulimwengu biashara hii, haikusubiri kizuri kijiuze.

Mtengenezaji wa filamu Carl Laemmle alimchukua mwigizaji Florence Lawrence kutoka kampuni ya filamu ya Biograph. Mwaka 1910 ukazuka uvumi kwamba binti huyo amefariki, na Laemmle akalipia tangazo gazetini kuukanusha na kumnadi mwigizaji wake. Wanahistoria wengi wanaamini uvumi wenyewe aliuanzisha yeye. Baadaye studio ya Fox ikamtangaza mwigizaji Theda Bara kuwa mzaliwa wa jangwa la Misri. Alizaliwa Cincinnati, Ohio, akiitwa Theodosia Goodman.

Anayeniuma zaidi ni mwigizaji Rita Hayworth. Alizaliwa New York mwaka 1918, Margarita Carmen Cansino, binti wa mcheza dansi Mhispania, naye akacheza jukwaani na baba yake tangu ujana. Harry Cohn, mkuu wa studio ya Columbia, aliona jina hilo lina Uhispania mno. Likaondolewa, akapewa la ukoo wa mama yake. Nywele zake nyeusi zikatiwa rangi nyekundu. Za kwenye paji la uso zikachomwa kwa umeme, kinyweleo kimoja kimoja, ili paji liwe pana. Hayo ni maumivu ya mwilini, si vipodozi. Hata katika *Gilda* ya 1946, filamu iliyomtukuza kuliko zote, sehemu kubwa ya uimbaji ni sauti ya mwimbaji Anita Ellis, na watazamaji hawakuambiwa.

Nitajibiwa kwamba watazamaji ndio waliochagua. Walichagua katika kile walichoonyeshwa. Mpaka Mahakama Kuu ya Marekani ilipotoa hukumu dhidi ya studio mwaka 1948, studio kubwa tano zilitengeneza filamu, zikazisambaza, na zikamiliki kumbi bora za kuzionyesha. Magazeti ya mashabiki nayo yalitegemea habari na picha kutoka studio hizohizo.

Sisemi Hayworth hakuwa na kipaji. Alicheza dansi na bingwa wa dansi Fred Astaire, wala hakuachwa nyuma. Ndiyo sababu imani kwamba kizuri chajiuza ni dhuluma: inamvika sifa ya kuzaliwa nyota na kuficha aliyotendewa. Tukimsifu, tumsifu kwa dansi yake, na tuwataje waliolifuta jina lake.