Mchezaji wa Ridhaa, Bila Ridhaa

Wadau, chumbani kwetu hosteli kuna PS5 ya mwenzetu mmoja, na gemu linalotunyima usingizi ni EA Sports College Football 25. Ni mpira wa Kimarekani, ule wa kofia ngumu na mpira wenye umbo la yai, na timu zote ni za vyuo vikuu. Nilianza kwa kubahatisha tu. Sasa kikosi cha Michigan nakijua kuliko ratiba ya mitihani.

Ila leo nataka tuongelee jinsi gemu hili lilivyokufa na kufufuka.

Toleo la mwisho la zamani, NCAA Football 14, lilitoka 2013. Humo wachezaji hawakuwa na majina. Lakini namba ya jezi, nafasi, kimo, uzito, hadi jimbo analotoka mtu, vyote vilikuwemo. Shabiki alijua kabisa huyu ni nani. Kampuni ikavuna, NCAA inayosimamia michezo ya vyuo ikavuna, mwanafunzi akaambulia patupu, eti kwa sababu ni mchezaji wa ridhaa. Wa ridhaa, na ridhaa yenyewe hakuna aliyemwomba!

Tayari mwaka 2009 Sam Keller, aliyechezea Arizona State na Nebraska, na Ed O'Bannon, wa kikapu UCLA, walikuwa wameenda mahakamani. Kesi zilipokolea, gemu likasimama, na EA pamoja na kampuni ya leseni wakakubali kulipa dola milioni 40. Julai 2021 NCAA ikaruhusu wanafunzi kuingiza kipato kwa majina yao. Gemu likarudi 2024: wachezaji zaidi ya 10,000 walikubali, kila mmoja kwa dola 600 na nakala ya gemu.

Mtasema dola 600 ni hela ya mboga. Nakubali, ni ndogo. Lakini aliyeombwa anaweza kukataa. Arch Manning wa Texas alikataa kwanza, akaja kukubali baadaye, kwa hiari yake.

Sasa turudi kwetu. Mwenzangu wa chumbani anacheza voliboli ya chuo. Nauli ya mashindano alitoa kwenye bumu lake. Sura yake ikawekwa kwenye bango la udahili, na habari aliipata kwa mama yake aliyeliona stendi. Mama alifurahi. Yeye alicheka, halafu akaniuliza, "Hivi hawa si wana namba yangu?"

Sidai mamilioni. Nadai fomu ya ukurasa mmoja, yenye sehemu ya kuandika ndiyo na sehemu ya kuandika hapana. Serikali yetu ya wanafunzi ilibebe hili kabla bango la mwakani halijachapishwa.