Huna pesa ya kuwatoa familia? Shikeni ndoo mtengeneze aiskrimu

Tuanze na bei, kwa sababu Eastlands kila kitu huanza na bei. Piga hesabu ya kupeleka familia ya watu watano kula aiskrimu kwenye yale majumba makubwa ya maduka: koni tano, nauli ya matatu kwenda na kurudi, halafu mtoto mmoja lazima aangushe yake kabla hajailamba mara mbili. Ukimaliza hesabu hiyo, Jumapili unabaki kwa nyumba. Kila mtu anashika simu yake, na asiye na bando analala.

Hapo ndipo vijana wengi wa rika letu hujitoa kwenye mambo ya nyumbani. Tunajiambia, "Wacha nipate kazi kwanza, nitawatoa." Hiyo hali naijua. Niliacha chuo kabla ya kumaliza, na kuna wakati nilikuwa naketi mezani kwa mathe nikijihesabu kama mdomo wa ziada. Lakini hii imani kwamba huwezi kuifurahisha familia hadi mfuko uwe mzito, mimi naipinga. Na ushahidi wangu ni ndoo ya barafu.

Aiskrimu haihitaji mashine, na haihitaji stima pia. Mwaka 1843, mwanamke Mmarekani kwa jina Nancy Johnson alipata hataza ya mashine ya aiskrimu ya kuzungusha kwa mkono. Hiyo "mashine" ilikuwa nini? Ndoo ya mbao yenye barafu na chumvi, na ndani yake mkebe wa maziwa. Sasa niambie, ni nyumba gani Kayole au Dandora haina ndoo?

Fanya hivi. Nunua lita moja ya maziwa, hata yale ya ATM ya mtaani. Yachemshe kwa moto mdogo ukikoroga hadi yabaki kama nusu. Wanaopika kulfi, ile aiskrimu ya Kihindi, huyapunguza maziwa hivyo hivyo, na ndiyo maana hawahitaji krimu ya bei. Weka vijiko vinane vikubwa vya sukari na chumvi kidogo sana. Yakishapoa kabisa, ongeza embe moja lililoiva na kupondwa. Mimina kwenye mkebe safi wa chuma wenye mfuniko unaokaza, kama ule wa maziwa ya unga, lakini usiujaze. Acha nafasi ya theluthi moja.

Barafu utatoa wapi? Mpe jirani mwenye friji mabakuli ya maji ayagandishe usiku kucha, au uliza duka lenye friza. Utahitaji kama kilo nne za barafu na kilo moja ya chumvi. Funga barafu kwa kitambaa, iponde, kisha weka mkebe katikati ya ndoo na uuzungushie barafu na chumvi, tabaka juu ya tabaka. Hakikisha barafu haifiki kwenye mfuniko, la sivyo mtakula maziwa ya bahari.

Chumvi ndiyo hufanya kazi yote hapa. Barafu peke yake hukaa kwenye nyuzi sufuri, na maziwa yenye sukari hayagandi kwenye sufuri. Chumvi huilazimisha barafu iyeyuke, na ikiyeyuka hufyonza joto kutoka kwa kilicho karibu, yaani mkebe wako. Mchanganyiko huo unaweza kushuka hadi karibu nyuzi 20 chini ya sufuri. Kwa hivyo usiushike kwa mkono mtupu, tumia taulo.

Sasa inakuja sehemu ninayoipenda. Mkebe lazima uzungushwe, nusu saa au hata dakika 40. Kila dakika tano unapangusa mfuniko, unafungua na kukwangua kando kwa mwiko, ili maziwa yasigande kuwa mawe. Hakuna mtu mmoja anayeweza hiyo kazi bila mkono kuuma. Dada mdogo atazungusha, atachoka. Buda, ambaye kwa kawaida huongea na redio tu, atasema, "Hebu lete hapa, hamjui." Mathe atasimamia sukari. Na wewe usiye na kazi ndiye mwenye mabega ya kumaliza dakika kumi za mwisho. Siku hiyo hakuna anayekuuliza umeleta nini, kwa sababu mikono yako iko ndani ya ndoo.

Koni ya kununua haiwezi kukupa hayo. Inaisha kwa dakika tano na kila mtu anarudi kwa simu. Hii mnaingoja pamoja, na mkiingoja mnaongea. Mambo ambayo hayasemeki watu wakitazamana uso kwa uso husemeka wakitazama mkebe.

Najua utaniambia maziwa na sukari si bure. Kweli, lakini lita moja inatoa vikombe vitano vidogo, na unalipia maziwa na embe, si taa za duka. Utaniambia nyumba ni chumba kimoja. Basi tokeni kwa korido ya ploti. Watoto wa jirani watakuja, na yule aliyewagandishia maji lazima apate kikombe chake. Utaniambia uliona video wakitikisa mifuko ya plastiki. Kenya tulipiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa Agosti 2017, na hata ungepata mfuko mwingine, ukipasuka umepoteza maziwa yote. Mkebe hauna hizo drama. Tahadhari moja tu: hayo maji ya chumvi yakibaki, usiyamwagie sukuma wiki ya mtu kwenye gunia. Itakauka na utahama.

Haitatoka laini kama ya dukani. Itakuwa na chembechembe kidogo na itayeyuka haraka, kwa hivyo kuleni hapo hapo. Mwenye kusema haijafika kiwango mpeni mkebe azungushe wiki ijayo.

Sisemi uache kutafuta kazi. Tafuta. Lakini wadogo wako wanakua sasa hivi, na wazazi hawangoji mshahara wako wa kwanza ndipo wazeeke. Jumapili hii usiulize nyumbani ni nani ana pesa. Uliza ni nani ameona mkebe wenye mfuniko.