Nani Mgeni Ukingoni mwa Ruvuma?

Mmakonde wa Muheza, Tanzania, au wa Kwale, Kenya, huambiwa, mara nyingi kwa utani, kwamba ni mtu wa Msumbiji na ipo siku atarudi kwao. Utani huo ukivuka kijiwe na kuingia ofisi ya vitambulisho, unageuka hukumu. Nao ni upuuzi.

Fika Nhica do Rovuma, wilayani Palma, Msumbiji. Ng'ambo ya mto Ruvuma ni Mtwara, Tanzania. Mpaka huo waliupatana Wajerumani na Wareno mwaka 1886, wala hakuna mvuvi aliyeulizwa. Kisha wenyewe wakagombana: Mjerumani akalitwaa eneo la Kionga, kusini mwa mto, mwaka 1894, Mreno akalichukua vitani mwaka 1916. Mwenye minazi yake pale alibadilishiwa serikali bila kuhama hata kibanda. Huyo naye mwambie arudi kwao!

Wamakonde waliovuka mto walikimbia kodi na kazi ya shuruti ya Wareno, wakakata mkonge Tanganyika huku wakiitwa Wamawia. Wengine walifika hadi pwani ya Kenya. Hawakuwa watu wa kupotea njia. Wawili kati yao, Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane, walitoka Tanganyika kwenda Mueda, Msumbiji, kudai haki za wenzao. Tarehe 16 Juni 1960 Wareno wakaufyatulia risasi umati uliokusanyika. Miaka miwili baadaye chama cha ukombozi wa Msumbiji, Frelimo, kikaundwa Dar es Salaam.

Sasa tazama kwa wakubwa. Mary Anne MacLeod aliondoka kisiwa cha Lewis, Uskoti, mwaka 1930, akaenda New York kutafuta maisha. Mwanawe, Donald Trump, amekuwa rais wa Marekani mara mbili. Nani amewahi kumwambia arudi Lewis? Wamakonde walioingia Kwale karibu miaka hiyohiyo, wajukuu wao waliozaliwa Kenya waliishi bila kitambulisho mpaka walipoandamana kwa miguu kwenda Nairobi Oktoba 2016. Ndipo Rais Uhuru Kenyatta akaamuru waandikishwe, na mwaka uliofuata wakatambuliwa kuwa kabila la 43 la Kenya.

Nitajibiwa kwamba kuna suala la usalama. Ni kweli, kijiji cha Kitaya, upande wa Mtwara, kilishambuliwa kutoka ng'ambo ya mto Oktoba 2020. Lakini muuaji hutafutwa kwa alichokitenda, hatafutwi kwa chale za usoni mwa bibi yake. Palma iliposhambuliwa Machi 2021, watu walikimbilia mtoni kama wazee wao walivyokimbia. Shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa lilisema Tanzania iliwarudisha Msumbiji zaidi ya watu 9,000 mwaka huo. Nchi iliyoilea Frelimo!

Ofisa wa uhamiaji, aliyezaliwa Muheza usimuulize babu yake alivuka mwaka gani. Mwandikishe, umpe kitambulisho chake.