Polisi walinde mzigo, wasivunje chama

Kwa hili la nokku kooli, yaani malipo ya kutazama tu, kule Kerala, India, niko upande wa wenye mali. Mtu ashushe saruji yake mwenyewe, halafu awalipe wapagazi waliosimama kumtazama? Huo ni unyang'anyi, hata ukifanywa kwa jina la chama cha wafanyakazi. Serikali ya jimbo iliupiga marufuku kuanzia Mei 1, 2018, lakini mwaka 2021 Mahakama Kuu ya Kerala ilikuwa bado inaukemea. Ndiyo maana watu huenda mahakamani kuomba amri ya ulinzi wa polisi.

Ila Sheria ya Wapagazi ya Kerala ya 1978 tusiipite haraka mno. Ile iliwaletea usajili na mfuko wa ustawi watu wanaobeba magunia kichwani, na vyama ndivyo vilivyoipigania. Tusiitupe kwa sababu ya wahuni. Amri ya mahakama iseme wazi: lori lipite, asipigwe mtu. Ugomvi kuhusu nani anastahili kazi hiyo uamuliwe na bodi ya wapagazi iliyo chini ya sheria hiyo. Askari mwenye kirungu hana ujuzi wa kuupima.